Uzi: Nchi zisizo na pwani na nani anayeushika mlango wao wa bahari, historia ikitazamwa kutoka Kigoma

Mleta mada (Kigoma)

Wanajukwaa, heshima kwenu.

Katika maarifa ya jumla kuhusu nchi za dunia, habari za nchi zisizo na pwani huulizwa kwa mtindo wa chemsha bongo: ziko ngapi, ipi ni kubwa kuliko zote, ipi imezungukwa na nchi moja tu. Majibu yake ni mafupi na yanafaa kukumbukwa. Nchi hizo ni zaidi ya 40, na 16 kati yake ziko Afrika. Kazakhstan ndiyo kubwa kuliko zote, ikiwa na zaidi ya kilomita za mraba milioni 2.7, na Ethiopia ndiyo yenye watu wengi zaidi. Lesotho imezungukwa pande zote na Afrika Kusini, kama San Marino na Vatikani zilivyozungukwa na Italia. Liechtenstein na Uzbekistan zina jambo la peke yao: majirani wao wote nao hawana bahari, kwa hiyo mzigo utokao huko hauna budi kuvuka nchi mbili kabla ya kufika kwenye maji ya chumvi.

Kwa maoni yangu, orodha hiyo inaliacha nje jambo lenyewe. Umbali wa bahari peke yake haujawahi kuamua kama nchi itakuwa tajiri au maskini, huru au tegemezi. Kinachoamua ni nani ameushika mlango wa kutokea, ameushika kwa mkataba gani, na ni nani aliyeutia saini mkataba huo kwa niaba ya nani. Sisi wa Kigoma tuna sababu ya kulijua hilo kuliko wengi, kwa kuwa mji wetu umekuwa mlango wa wengine kwa zaidi ya miaka 100, na sehemu ya bandari yetu iliwahi kukodishwa kwa nchi ya Ulaya kwa faranga moja kwa mwaka, milele.

Tuanze na ramani. Tanzania inapakana na nchi nane, na tano kati yake, yaani Uganda, Rwanda, Burundi, Zambia na Malawi, hazina pwani. Ya sita, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, ina pwani, lakini ni ya kilomita zisizofika 50 kwenye mlango wa mto Kongo, upande wa Atlantiki. Mtu wa Kalemie au Uvira, miji ya Kongo iliyo kando ya Ziwa Tanganyika, akiambiwa kwamba nchi yake ina bahari, ameambiwa ukweli usiomsaidia kutoa mzigo wake. Kati yake na bandari ya Matadi kuna nchi nzima ya misitu na mito, na hata mto wenyewe haupitiki moja kwa moja, kwa sababu kati ya Kinshasa na Matadi kuna maporomoko yaliyowalazimisha Wabelgiji kujenga reli ya kuyakwepa, kazi iliyochukua miaka minane, kuanzia 1890 hadi 1898. Kwa mtu huyo, bahari iliyo karibu kwa maana ya biashara ni Bahari ya Hindi, na njia yake inapita hapa: meli hadi Kigoma, kisha reli ya kilomita zipatazo 1,250 hadi Dar es Salaam.

Cha ajabu ni kwamba maji yenyewe yanaelekea upande wa pili. Ziwa Tanganyika, lenye kina cha mita 1,470 (Baikal ya Urusi tu ndiyo inayolipita), linamwaga maji yake kupitia mto Lukuga, pale Kalemie, kuingia kwenye mfumo wa mto Kongo na hatimaye Atlantiki. Mvua inayonyesha Tabora huingia mto Ugalla na mito mingine ya upande huo, ikajiunga na Malagarasi, ikafika ziwani, na ile isiyopotea kwa jua hutokea magharibi mwa Afrika. Maji huenda magharibi na mizigo huenda mashariki. Tofauti hiyo ililetwa na reli, na reli ililetwa na siasa.

Anayetaka kuiona siasa hiyo kwa macho na asimame bandarini asubuhi. Reli inaingia hadi gatini, behewa linasimama hatua chache kutoka ubavuni mwa meli, na mfuko wa saruji uliopanda treni pwani unashushwa na kuingizwa kwenye meli ya kwenda Bujumbura bila kupita mjini kabisa. Kati ya behewa na meli ni mwendo mfupi, lakini katika mwendo huo kuna forodha, kuna wakala mwenye makaratasi yake mkononi, na kuna sheria za nchi mbili. Hapo ndipo nchi isiyo na pwani inapolipia jiografia yake.

Wajerumani waliifikisha reli ya kati Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914, muda mfupi kabla ya Vita ya Kwanza ya Dunia. Habari za meli yao ya Graf von Götzen, iliyoletwa vipande vipande kutoka Papenburg, ikaundwa upya hapa, ikazamishwa na Wajerumani wenyewe mwaka 1916, ikaibuliwa mwaka 1924 na kurudi kazini mwaka 1927 kwa jina la Liemba, zimesimuliwa sana na sitazirudia. Lisilosimuliwa sana ni kile Wabelgiji walichokuwa wanakitaka walipovuka kuja huku.

Mwaka 1916 jeshi la Kongo ya Wabelgiji, ambalo askari wake karibu wote walikuwa Waafrika chini ya maofisa wa Kizungu, liliingia Rwanda na Burundi, likaitwaa Kigoma, na tarehe 19 Septemba likaingia Tabora chini ya Jenerali Charles Tombeur. Mtu anaweza kudhani kwamba Ubelgiji iliitaka Tabora kwa ajili ya Tabora. La hasha. Wakuu wa Ubelgiji waliiona ardhi hii kama kitu cha kubadilishana. Shabaha yao ilikuwa upande wa pili wa bara: ukingo wa kusini wa mlango wa mto Kongo, uliokuwa mikononi mwa Wareno wa Angola, ili kuipanua ile pwani nyembamba niliyoitaja. Hesabu ilikuwa hivi: Ubelgiji iiachie Uingereza ardhi iliyoiteka, Ureno ipewe fidia kusini mwa koloni la Wajerumani, nayo Ureno iiachie Ubelgiji ukingo ule. Ureno ilikataa. Ubelgiji ikabaki na Rwanda na Burundi, kwa makubaliano ya mwaka 1919 kati ya Milner wa Uingereza na Orts wa Ubelgiji, na Kigoma ikarudishwa upande wa Waingereza.

Hebu tulitazame jambo hilo kwa utulivu. Watu walipigana, wapagazi walikufa njiani, mji wa Tabora ulibadili mabwana, na sababu mojawapo kubwa ilikuwa kilomita chache za mchanga kwenye Atlantiki ambazo hakuna mtu wa Unyamwezi aliyewahi kuziona. Nasema haya kwa sababu historia ya mipaka yetu hufundishwa kana kwamba kila mstari ulichorwa kwa ajili ya mahali unapopita. Mara nyingi ulichorwa kwa ajili ya mahali pengine kabisa.

Ubelgiji ilipokosa pwani mpya, iliomba njia. Kwa mkataba wa tarehe 15 Machi 1921, Uingereza iliipa haki ya kupitisha bidhaa za Kongo na Ruanda-Urundi katika Tanganyika bila kutozwa ushuru wa forodha, pamoja na maeneo mawili ya bandari, moja Kigoma na jingine Dar es Salaam, yaliyokodishwa milele kwa faranga moja kwa mwaka. Maeneo hayo yalijulikana kwa jina la Belbase. Tanganyika wakati huo haikuwa mali ya Uingereza. Ilikuwa chini ya udhamini wa Shirikisho la Mataifa, na udhamini kwa asili yake ni wa muda. Mwenye haki ya muda alikuwa ametoa haki ya milele.

Doa hilo ndilo aliloligusa Mwalimu Nyerere. Mwishoni mwa Novemba 1961, siku chache kabla ya uhuru, alilieleza Bunge kwamba upangaji wa milele wa ardhi ya Tanganyika, uliotolewa na mamlaka ambayo yenyewe ilikuwapo kwa muda, haupatani na mamlaka kamili ya nchi. Mwezi uliofuata serikali yake iliuandikia Umoja wa Mataifa kwamba mikataba ya nchi mbili iliyoingiwa na Waingereza kwa niaba ya Tanganyika itaendelea kuheshimiwa kwa miaka miwili ili ijadiliwe upya, na ambayo haitakubaliwa upya itakoma, isipokuwa ile inayosimama kwa kanuni za kawaida za sheria za kimataifa. Wanasheria duniani wanauita msimamo huo kwa jina la Nyerere, na nchi nyingine zilizopata uhuru baadaye ziliufuata. Nchi yetu iliutumia pia kuukataa mkataba wa maji ya Nile wa mwaka 1929. Fundisho linalosomwa leo katika vyuo vya sheria lilichochewa na gati la Kigoma na la Dar es Salaam, na sioni kwa nini watoto wetu wasiambiwe hivyo darasani.

Mizigo ya Burundi na Kongo haikukoma. Iliendelea kupita, sasa kwa makubaliano na nchi huru. Mwaka 2025 ulitiwa saini mkataba wa ujenzi wa reli ya kisasa kutoka Uvinza hadi Musongati, Burundi, kwenye akiba kubwa ya nikeli. Reli hiyo ikikamilika, Burundi itakuwa na njia ya reli isiyotegemea meli za ziwani.

Naomba kuwasilisha, na maswali yanakaribishwa.

Mchangiaji wa kwanza (Tabora)

Mkuu, nakushukuru kwa uzi wenye mashiko. Mimi ni mwalimu wa historia hapa Tabora, na hiyo habari ya kubadilishana mji wetu na mlango wa mto Kongo nitaipeleka darasani. Nina swali moja. Umeeleza nchi ambazo hazikuwahi kuwa na pwani. Je, zile zilizokuwa nayo zikaipoteza? Zinakubali matokeo, au jeraha hubaki?

Mleta mada

Mwalimu wangu, swali lako ni zito na linastahili jibu refu.

Mfano ulio wazi kuliko yote ni Bolivia. Ilipopata uhuru mwaka 1825 ilikuwa na pwani kwenye Bahari ya Pasifiki, katika jangwa la Atacama. Jangwa hilo halikuwa na watu wengi wala mvua, lakini lilikuwa na chumvi ya naitreti iliyotafutwa Ulaya kwa mbolea na baruti, na waliokuwa wakiichimba kwa wingi ni Wachile wenye mitaji ya Chile na Uingereza. Mwaka 1878 Bolivia iliweka kodi ya senti 10 kwa kila kintali (kipimo cha uzito) ya naitreti, ingawa mkataba wake na Chile ulikataza kodi mpya kwa kampuni hizo. Kampuni ilikataa kulipa, serikali ikatangaza kuitaifisha, na tarehe 14 Februari 1879 askari wa Chile wakashuka Antofagasta. Peru iliingia kwa sababu ya mapatano yake ya siri na Bolivia. Vita viliisha kwa Chile kushika pwani yote ya Bolivia na sehemu ya kusini ya Peru.

Mkataba wa amani ulitiwa saini mwaka 1904. Chile ilichukua pwani moja kwa moja, na badala yake ikaipa Bolivia haki ya kupitisha bidhaa milele katika bandari zake na ikajenga reli ya Arica hadi La Paz, iliyokamilika mwaka 1913. Ukiutazama vizuri, mwalimu, neno lile lile la milele tuliloliona Kigoma lipo hapa pia, ila huku lilikuwa fidia ya kitu kilichochukuliwa kwa nguvu. Kwa hiyo Wabolivia hawakuridhika. Kila tarehe 23 Machi huadhimisha Siku ya Bahari, kumbukumbu ya kifo cha Eduardo Abaroa aliyekataa kujisalimisha huko Calama. Wana jeshi la wanamaji linalofanya mazoezi katika ziwa Titicaca, zaidi ya mita 3,800 juu ya usawa wa bahari. Walilipeleka shauri Mahakama ya Kimataifa ya Haki wakidai kwamba Chile ina wajibu wa kujadiliana nao kuhusu njia ya kwenda baharini, na tarehe 1 Oktoba 2018 majaji 12 dhidi ya 3 wakaamua kwamba wajibu huo wa kisheria haupo.

Ethiopia iliipoteza pwani kwa njia tofauti: Eritrea ilijitenga baada ya vita virefu na kura ya maoni, ikawa huru Mei 1993. Kwa miaka michache Waethiopia waliendelea kutumia bandari ya Assab bila taabu kubwa. Vita vya mpakani vya 1998 hadi 2000 vikaifunga njia hiyo, na tangu hapo sehemu kubwa kabisa ya biashara yao hupita Djibouti, nchi ndogo sana ukiilinganisha na hiyo inayoitegemea. Tarehe 1 Januari 2024 Ethiopia ilitia saini hati ya maelewano na Somaliland kuhusu kupata sehemu ya pwani, Somalia ikakasirika kwa haki, kwa kuwa inaihesabu Somaliland kuwa ardhi yake, na ikabidi Uturuki iwapatanishe mwezi Desemba mwaka huo. Kwa hiyo, mwalimu, jeraha hubaki, hata kwa watu waliozaliwa baada ya pwani kwenda.

Sudan Kusini iliingia katika hali hiyo tangu siku ya kuzaliwa kwake, tarehe 9 Julai 2011. Mafuta mengi yalibaki kwake, bomba na bandari vikabaki Sudan. Januari 2012 ilizima visima vyake kwa ugomvi wa ada ya kupitisha mafuta, na bajeti yake karibu yote ilitegemea visima hivyo.

Mchangiaji wa pili (Kasulu)

Ndugu mleta mada, salamu kutoka Kasulu. Mimi ni mfanyabiashara na nakubaliana nawe kwa sehemu kubwa, lakini naona umewaonea huruma kupita kiasi watu wasio na pwani. Uswisi haina bahari, na ni tajiri kuliko nchi nyingi zenye fukwe ndefu. Je, si uvivu wa serikali tu?

Mleta mada

Ndugu yangu, Uswisi ndiyo inayothibitisha hoja yangu. Kutoka Basel, meli za mizigo huteremka mto Rhine hadi Rotterdam na Bahari ya Kaskazini. Mto huo unapita kwenye nchi nyingine, lakini uhuru wa kusafiri juu yake ulikubaliwa katika Mkutano wa Vienna mwaka 1815, ambao pia uliunda tume ya pamoja ya kuusimamia, na mkataba wa Mannheim wa mwaka 1868 ukauimarisha. Msuisi hahitaji kuomba hisani ya jirani kila mwaka. Anasimama juu ya mkataba wa muda mrefu unaowafaa wote wanaoutumia mto. Tena majirani zake ni matajiri wanaonunua bidhaa zake hapo hapo mlangoni.

Ulinganishe na Zambia. Mwaka 1965 walowezi wa Rhodesia walipojitangazia uhuru wao, Zambia ilikuta kwamba shaba yake na mafuta yake hutegemea reli inayopita kwa utawala wa kibaguzi iliokuwa ikiupinga waziwazi. Hakuna uvivu wowote hapo. Ilibidi lijengwe bomba la mafuta la TAZAMA, lililokamilika mwaka 1968, kisha reli ya TAZARA ya kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, iliyojengwa kwa msaada wa China kuanzia mwaka 1970 na kukabidhiwa mwaka 1976. Nchi isiyo na pwani ni kama nyumba ya ndani ambayo njia yake hupita uani kwa jirani: Uswisi ina uani nyingi na hati mkononi, Zambia wakati huo ilikuwa na uani mmoja mkubwa na mwenye uani alikuwa adui.

Mchangiaji wa tatu (Tabora)

Shikamoo wakubwa. Nasoma kidato cha sita. Naomba kuuliza: je, hakuna sheria ya dunia inayoilazimisha nchi yenye bandari kumpitisha jirani yake?

Mleta mada

Marahaba, mwanangu. Ipo, lakini uisome hadi mwisho. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Sheria ya Bahari wa mwaka 1982 umetenga sehemu ya kumi kwa ajili ya nchi zisizo na pwani. Kifungu cha 125 kinasema kwamba nchi hizo zina haki ya kuifikia bahari na kutoka baharini, na kwa ajili hiyo zina uhuru wa kupita katika nchi jirani kwa njia zote za usafiri. Kifungu hicho hicho kinaendelea kusema kwamba masharti na namna ya kupita yatakubaliwa kati ya nchi zinazohusika, na kwamba nchi inayopitiwa, kwa mamlaka yake kamili juu ya ardhi yake, inaweza kuchukua hatua za kulinda maslahi yake halali. Haki imeandikwa, na ufunguo umeachwa kwa mwenye ardhi.

Nepal inalijua jambo hilo vizuri. Mwaka 1989 mikataba yake ya biashara na njia na India ilipoisha muda bila mapatano mapya, vituo vingi vya mpakani vilifungwa, mafuta ya taa yakaadimika, na watu wa milimani wakarudi kwa wingi kwenye kuni. Mwaka 2015, baada ya katiba mpya ya Nepal kuzua maandamano ya watu wa nyanda za kusini, malori yalikwama mpakani kwa miezi kadhaa, nchi ikiwa imetoka tu kupigwa na tetemeko kubwa la Aprili. Nepal ilisema India imeiwekea vikwazo. India ilikanusha, ikasema tatizo liko ndani ya Nepal. Mwaka uliofuata Nepal ilikwenda Beijing kutia saini makubaliano ya kupitia China, ingawa bandari za China ziko mbali mno kuliko Kolkata, na kati yake na bandari hizo kuna milima ya Himalaya.